Kufungua intaneti kwenye televisheni: njia zilizopo, na kila moja inavyokula mega

Mwaka jana mama mmoja mjane wa kanisa letu hapa Bel-Air, katika komine ya Kampemba, alinunua televisheni ya inchi 32 kwa pesa za likelemba. Nyumbani kwake kuna watoto watatu wanaosoma na simu moja tu, nayo kioo chake kimepasuka pembeni. Muuzaji alimhakikishia kwamba televisheni ni "smart", basi mama akafikiri kwamba watoto watasomea pale, kwenye kioo kikubwa, bila kugombania simu. Siku ya pili alituita. Kurasa za masomo hazikufunguka hata moja.

"Pasta, balinambia iko na intaneti. Sasa juu ya nini haifungue?"

Tulikwenda baada ya ibada tukadhani ni kazi ya dakika kumi, na tukatoka giza limeingia. Tangu siku hiyo familia nyingine zimetuuliza swali hilohilo, za Bel-Air I na Bel-Air II, hata wandugu wa Ruashi na Katuba. Kwa hiyo tunaandika hapa yale tuliyoyajaribu, kwa ajili ya wenye televisheni tayari, na zaidi kwa wale ambao pesa bado iko mfukoni.

Neno "smart" halisemi yote

Televisheni janja ni televisheni yenye kompyuta ndogo ndani yake. Kompyuta hiyo inaweza kuingia kwenye intaneti kwa Wi-Fi au kwa waya, na ina programu zake: YouTube, Netflix na nyingine. Lakini kuwa na YouTube si sawa na kuweza kufungua ukurasa wowote wa intaneti. Kwa kazi hiyo inatakiwa programu ya pekee, ambayo Kiswahili cha vitabu huiita kivinjari na vijana wetu huiita navigatere. Televisheni nyingine inacho, nyingine haina, na nyingine inacho lakini kimezeeka.

Televisheni za Samsung zilizotoka tangu mwaka 2015 zinatumia mfumo wa Tizen, na ndani yake mna kivinjari kinachoitwa Internet. LG walianza mfumo wao wa webOS mwaka 2014, nao wana kivinjari chao. Hisense, kwenye televisheni zao za mfumo wa VIDAA, vilevile. Hizi tatu, ukizikuta madukani, mara nyingi utaona alama ya dunia au neno Internet au Web Browser katika orodha ya programu. Mwombe muuzaji aifungue mbele yako, na mfungue pamoja ukurasa ambao wewe mwenyewe unauhitaji. YouTube usiihesabu, maana hiyo itafunguka karibu popote.

Televisheni za Android TV, ambazo tangu mwaka 2020 nyingi huonekana kwa sura ya Google TV, zinawashangaza watu. Zinatoka kwa Google, lakini hazina Chrome ndani, na ukiitafuta katika duka lao la programu huipati. Unapaswa kupakua kivinjari kilichotengenezwa kwa ajili ya televisheni. TV Bro ni kimoja ambacho ni cha bure na kinaendeshwa vizuri kwa telekomande. Kwenye vifaa vya Fire TV vya Amazon kivinjari kinaitwa Silk. Vifaa vya Roku na Apple TV havina kivinjari kabisa, kwa hiyo ndugu aliye Ulaya au Marekani akitaka kukutumia kimoja, mwambie mapema kile unachokitafuta.

Kuna aina nyingine iliyojaa sokoni: televisheni na visanduku vya majina yasiyojulikana, vya bei ndogo, vinavyosemwa kuwa ni vya Android. Hivi vina mfumo wa Android usiothibitishwa na Google, na mara nyingi hakuna anayevisasisha. Mwezi Juni 2025 polisi ya upelelezi ya Marekani, FBI, ilitoa onyo la wazi kuhusu vifaa vya namna hiyo vilivyouzwa vikiwa tayari na programu mbaya ndani yake, zinazowaruhusu wezi kupitisha shughuli zao katika intaneti ya nyumba yako bila wewe kujua. Uharibifu huo ulipewa jina la BADBOX 2.0. Kama kisanduku kinakuomba uzime ulinzi wa Google Play kabla ya kukitumia, au kinaahidi mechi na filamu zote bure, kiache dukani.

Saa, tarehe na vyeti

Turudi kwa mama wetu. Televisheni yake ilikuwa na kivinjari. Ilikamata Wi-Fi ya simu, YouTube ikafunguka, lakini kila ukurasa mwingine ulijibu kwamba muunganisho si salama. Tulizima, tukawasha, tukasogeza simu karibu. Ni kijana mmoja wa kwaya aliyeangalia pembeni ya kioo akacheka: televisheni ilidhani tuko tarehe 1 Januari ya miaka mingi iliyopita.

Jambo hili ni dogo, lakini katika mji wa delestaje linafaa kueleweka. Kila tovuti salama huonyesha cheti chenye tarehe ya kuanza na tarehe ya kuisha. Kivinjari hulinganisha tarehe hizo na saa ya televisheni. Televisheni nyingi hazina betri ya kutunza saa; koran ya SNEL ikikatika zinasahau, kisha zinangoja intaneti au antena ziwakumbushe. Kama sehemu ya saa haikuwekwa kwenye hali ya kujirekebisha, inabaki na tarehe ya kiwandani, na kila cheti kinaonekana bado hakijaanza kufanya kazi. Ingia kwenye mipangilio, tafuta saa na tarehe, chagua ijirekebishe yenyewe, na ikishindwa andika tarehe ya leo kwa mkono. Tulipofanya hivyo, nusu ya kurasa zilifunguka palepale.

Nusu nyingine ilikataa, na hapo hatukuwa na dawa. Televisheni ile ilikuwa imetumika kwingine kabla ya kufika Lubumbashi, na watengenezaji walikuwa wameacha kuisasisha. Vyeti vya tovuti hutegemea vyeti vikuu vichache ambavyo kila kifaa hubeba ndani yake tangu kiwandani. Kimoja kilichotegemewa na tovuti nyingi sana za dunia kiliisha muda wake tarehe 30 Septemba 2021. Vifaa vilivyokuwa vikisasishwa havikusikia kitu. Vya zamani, zikiwemo televisheni, vilipoteza sehemu ya intaneti siku moja, na havitairudishiwa. Ndiyo sababu simu ya bei ndogo ya mwaka huu inafungua ukurasa ambao televisheni kubwa ya miaka kumi iliyopita inaukataa.

Hata kivinjari kizima, tuseme kweli, kinachosha. Kuandika anwani kwa telekomande, herufi moja baada ya nyingine, kunamaliza uvumilivu hata wa shemasi. Klaviye ya USB, au ile ndogo isiyo na waya yenye kipande cha kuchomeka nyuma, husaidia sana kwenye Samsung, LG na Android TV. Simu pia inaweza kuwa telekomande: SmartThings kwa Samsung, ThinQ kwa LG, Google Home kwa Google TV, nazo zote hukuruhusu kuandika kwa vidole vya kawaida.

Acha simu au kompyuta ifanye kazi, televisheni ionyeshe

Baada ya majaribio yote tumeamini hivi: kwa nyumba nyingi za hapa kwetu, kivinjari cha televisheni ndiyo njia ya mwisho ya kujaribu, si ya kwanza. Simu na kompyuta vinafungua kurasa vizuri zaidi na vinasasishwa. Televisheni inabaki na kazi moja, kuonyesha.

Njia iliyo imara kuliko zote ni kebo ya HDMI kutoka kompyuta. Haihitaji televisheni iwe janja. Hata ile ya zamani yenye tundu la HDMI inatosha. Chomeka, chagua HDMI kwenye telekomande, kisha kwenye kompyuta ya Windows bonyeza kitufe cha Windows pamoja na P na uchague kuonyesha picha ileile pande zote mbili. Sauti nayo inapita humohumo. Kompyuta za zamani zenye tundu la VGA peke yake zitatoa picha bila sauti. Itabidi waya mwingine mwembamba wa sauti, kama televisheni ina mahali pa kuupokea.

Kwa simu, wengi hununua kebo ya USB-C kwenda HDMI na kukuta haifanyi kitu. Si kebo mbovu. Simu yenyewe lazima iwe imetengenezwa kutoa picha kupitia tundu la chaji, na simu nyingi za bei ya kawaida hazikutengenezwa hivyo. Uliza kabla, au jaribu na kebo ya jirani.

Kinachobaki ni kutuma picha bila waya, na hapa kuna tofauti inayogusa mfuko. Namna ya kwanza ni kuakisi: kila kinachoonekana kwenye simu kinaonekana kwenye televisheni. Simu nyingi za Android hufanya hivyo kwa teknolojia ya Miracast, iliyoanza mwaka 2012. Kwenye Samsung inaitwa Smart View, kwenye nyingine utakuta neno linalofanana na kuonyesha au kutuma kioo. Kwa iPhone ni AirPlay, ambayo televisheni nyingi za Samsung na LG zinaipokea tangu mwaka 2019. Katika Miracast simu na televisheni huongea moja kwa moja kwa mawimbi ya Wi-Fi, bila ruta. Intaneti inaingia kwenye simu tu, na mega zinazotumika ni zilezile ambazo simu ingetumia peke yake.

Namna ya pili ni kile kialama kidogo cha televisheni yenye mistari kwenye pembe, kilichozoeleka tangu Google walipotoa Chromecast mwaka 2013. Ukikibonyeza ndani ya YouTube, simu haitumi picha. Inaiambia televisheni mahali video ilipo, na televisheni inakwenda kuichukua yenyewe kwenye intaneti. Na kwa sababu televisheni inajua kioo chake ni kikubwa, inaomba picha ya ubora mkubwa. Papa mmoja alitazama mahubiri ya saa mbili kwa njia hii kupitia intaneti ya simu ya mke wake, na forfe ya wiki nzima ikaisha kabla ya baraka ya mwisho.

Hesabu ya mega

Hesabu yenyewe si ngumu. Mkondo wa megabiti 1 kwa sekunde, kwa saa nzima, ni megabaiti 450. Video ya HD ikitiririka kwa megabiti 5 kwa sekunde inakula megabaiti 2,250 kwa saa, yaani zaidi ya gigabaiti 2. Netflix wenyewe wanawaambia wateja wao kwamba saa moja ya HD inaweza kufika gigabaiti 3, na ya 4K gigabaiti 7. Mwenye laini ya mwezi isiyohesabu anaweza kupita hapa haraka. Lakini nyumba nyingi tunazozitembelea hununua mega za Vodacom, Airtel au Orange kidogokidogo, na kwa hizo televisheni ni mdomo mkubwa.

Kwa hiyo, ndani ya YouTube ya televisheni, kila mara video ikianza, ingia kwenye alama ya gia na ushushe ubora hadi 480 au 360. Kwa mahubiri au somo la hesabu, uso na ubao vinaonekana bila shida. Zima pia kusasisha kwa yenyewe wakati televisheni iko kwenye intaneti ya simu, maana sasisho moja linaweza kumeza mamia ya megabaiti usiku mmoja. Usilizime milele, kwa sababu tulizoeleza juu ya vyeti. Mara moja kwa miezi michache, tafuta mahali penye intaneti nzuri au siku ya forfe kubwa, uiruhusu ijisasishe.

Na kama televisheni haioni kabisa Wi-Fi ya simu yako, huenda simu inagawa kwa mawimbi ya GHz 5, ambayo televisheni nyingi za zamani hazisikii. Badilisha kuwa GHz 2.4 kwenye mipangilio ya simu.

Mwezi Mei 2025 mamlaka ya mawasiliano ya nchi yetu, ARPTC, ilitangaza kwamba Starlink wamepewa leseni, baada ya kuwa imekatazwa mwaka uliotangulia. Makanisa kadhaa yanatuuliza kama wanunue. Kwa nyumba ya mjane swali hilo bado liko mbali. Kwa kanisa lenye ofisi, shule na vijana, kushirikiana gharama linaweza kuwa jambo la kuzungumza katika kamati.

Yale ambayo mtu asifanye kwenye televisheni

Televisheni ni kifaa cha watu wote wa nyumba, na wageni pia. Tunasema hivi kwa aibu kidogo: safari moja tulilala kwenye nyumba ya wageni, tukafungua barua pepe yetu kwenye televisheni ya chumba ili kusoma barua ndefu, asubuhi tukaondoka. Barua za wakristo, zile za siri ambazo mchungaji huandikiwa, zilibaki wazi kwa mgeni aliyefuata. Tulikumbuka tukiwa barabarani. Kwa bahati njema akaunti ya Google huonyesha kwenye sehemu ya usalama orodha ya vifaa vyote ulivyoingia, na unaweza kutoka ukiwa mbali, kwa simu. Tulifanya hivyo kando ya barabara. Tangu siku hiyo hatuandiki neno la siri kwenye televisheni yoyote isiyo yetu, na mambo ya M-Pesa, Airtel Money au benki hatuyafungui kwenye televisheni kabisa, hata yetu.

Programu kama YouTube haidai uandike neno la siri. Inaonyesha kodi kwenye kioo, unathibitisha kwa simu yako. Chagua njia hiyo.

Televisheni nyingine pia hutazama kile unachokitazama na kutuma taarifa kwa kampuni. Mwaka 2017 kampuni ya Vizio huko Marekani ilikubali kulipa dola milioni 2.2 kwa kukusanya taarifa hizo bila idhini ya watazamaji. Kwenye LG sehemu hiyo inaitwa Live Plus. Kwenye Samsung tafuta Viewing Information Services. Zote zinaweza kuzimwa. Siku ya kwanza ya kuwasha televisheni mpya watu hubonyeza "nakubali" mara tano mfululizo ili mechi isiwapite, na humo ndimo ruhusa hizi zinamojificha.

Wazazi huuliza zaidi kuhusu watoto. Kivinjari cha televisheni mara nyingi hakina ulinzi wa mtoto unaofanana na ule wa simu. Kuna jambo moja la bure ambalo tumelifanya katika nyumba kadhaa. Katika mipangilio ya mtandao ya televisheni, mahali palipoandikwa DNS, badilisha kutoka kwa yenyewe kwenda kwa mkono, kisha andika 1.1.1.3. Hiyo ni huduma ya kampuni ya Cloudflare, iliyofunguliwa mwaka 2020 kwa ajili ya familia. Inakataa kufungua tovuti za uchafu na zile zinazojulikana kuwa na programu mbaya. Haichuji yaliyo ndani ya YouTube; huko washa hali ya vizuizi. Na mtoto wa miaka kumi na tano anayejua kuiweka, anajua pia kuiondoa. Televisheni ikae sebuleni, si chumbani.

Tulivyomaliza kwa mama

Hatukumrudishia televisheni muuzaji. Alisema yeye aliahidi intaneti, na intaneti ipo. Tulifanya kingine. Kanisa lilikuwa na kompyuta ya zamani ya mkononi, betri yake imekufa lakini kwa waya inafanya kazi. Tukanunua kebo ya HDMI ya mita tatu. Kisha, mahali penye intaneti nzuri, tukapakua Kiwix, programu ya bure inayobeba maktaba nzima kwa matumizi bila intaneti, pamoja na Wikipedia ya Kiswahili na sehemu ya ile ya Kifaransa. Ni mafaili makubwa. Ukiyabeba kwa flashi, uiandae kwa mfumo wa exFAT, maana flashi za mfumo wa FAT32 hazipokei faili moja linalozidi gigabaiti 4. Tulipoteza nusu siku kabla ya kulitambua hilo.

Sasa watoto wanafungua kompyuta, wanasoma kwenye televisheni, bila mega hata moja. Wakihitaji ukurasa ulio kwenye intaneti yenyewe, mama anawagawia intaneti ya simu kwa muda mfupi, na kurasa za maandishi hazili sana. Televisheni ya namna ile hutumia wati 30 hadi 60, kompyuta karibu kiasi hichohicho, kwa hiyo betri ndogo ya jirani yenye paneli ya jua imewahi kuwavusha usiku mmoja wa mitihani. Koran ikikatika wanachomoa vyote viwili ukutani kabla haijarudi, kwa sababu inaporudi kwa nguvu ndipo vifaa vinapoungua, na regilatere bado haijanunuliwa. Iko kwenye zamu ijayo ya likelemba.